Barua ya Wazi kwa Mtunga Mtihani wa Kiingereza, Ngazi ya Kati

Mkazi wa Karatu,
Kando ya barabara iendayo Geti la Lodoare,
Mkoa wa Arusha.

Mheshimiwa Mtunga Mtihani,
Kozi ya Kiingereza, Ngazi ya Kati,
Popote ulipo.

YAH: PONGEZI KWA KUWAPIMA VIJANA WETU KIINGEREZA BILA KUWASIKIA WAKISEMA

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Shikamoo, kama umri wako unairuhusu. Barua haina namna ya kukutazama usoni. Nakuandikia hadharani kwa sababu anwani yako hakuna anayeijua. Karatasi zako hutufikia kila kozi inapokwisha, zimo ndani ya bahasha ya khaki iliyogongwa muhuri, lakini wewe mwenyewe hujaonekana, si stendi wala mnadani.

Kwanza nikupongeze. Mji wetu una kelele. Kuna bodaboda, kuna malori ya vitunguu yanayopanda kutoka Mang'ola, kuna Land Cruiser zinazowahi kreta ya Ngorongoro alfajiri na wauza shanga wanaozikimbilia. Katikati ya kelele zote hizo, wewe umeweza kutupatia saa mbili za ukimya kamili, ukaziita mtihani wa lugha. Vijana huingia wakakaa kila mtu na dawati lake. Msimamizi hupita huku na huku kuangalia nani anafungua mdomo. Atakayesema Kiingereza ndani ya chumba cha mtihani wa Kiingereza atatolewa nje na karatasi yake kufutwa. Hilo si jambo dogo, Mheshimiwa. Wengine wamejaribu kuua lugha kwa sheria na viboko wakashindwa; wewe umefika karibu kwa penseli tu.

Pengine hukuambiwa unampima nani, basi nikujuze. Ukichora duara dogo kuanzia Karatu mjini, lishuke hadi Ziwa Eyasi na kupanda hadi ukingo wa kreta, umezungushia lugha ambazo mataifa makubwa hayana. Kiiraqw ni cha jamii ya Kikushi. Kidatoga na Kimaasai ni vya Kinailoti. Kihadza kina vidoko vyake, na wataalamu wa lugha bado hawajakipatia ndugu wanayekubaliana naye. Kiswahili, Kibantu, ndicho kinachowakutanisha wote sokoni. Bibi wa Kiiraqw anayeuza viazi Karatu hakuwahi kukalia dawati la mtihani wa Kiswahili. Wanunuzi walimpima kila siku, kwa bei, kwa utani na kwa ugomvi wa chenji, na aliyeshindwa kumwelewa alirudi nyumbani bila viazi.

Sasa mchukue kijana wa Mang'ola, wa aina inayofahamika na kila loji. Nyumbani anasema Kiiraqw, kwa majirani Kidatoga, na Kihadza amekiokota porini akiwa na wenzake. Asubuhi anawapeleka wageni kwa Wahadzabe. Mzee anasimulia jinsi alivyomvizia nyani. Kijana anasikiliza, anachuja, anasema kwa Kiingereza, na wageni wanacheka mahali palepale mzee alipotaka wacheke. Mgeni anauliza swali la kipumbavu. Kijana analinyoosha kidogo ili mzee asiudhike, anapokea jibu, analirudisha. Hiyo ni kazi ambayo mikutano ya kimataifa huwalipa watu kwa saa, wakiwa wamekaa ndani ya vibanda vya vioo na kipaza sauti.

Kwenye mtihani wako kijana huyo ameanguka. Wanasema kosa lake kubwa lilikuwa vibainishi: aliweka "the" mbele ya jina la Ziwa Eyasi, ziwa aliloliona kabla hajaiona kalamu. Haki yake. Huwezi kuwa na ziwa na bado ukataka alama.

Niruhusu pia niisifu karatasi yenyewe. Kifungu cha ufahamu kinamhusu bwana mmoja wa London aliyekosa treni kwa sababu ya theluji. Ni chaguo la busara. Karatu hatuna reli, na theluji ya karibu iko juu ya Kilimanjaro, mkoa mwingine. Kwa hiyo hakuna mtahiniwa atakayepata upendeleo wa kuelewa. Swali linauliza bwana yule alikasirishwa na nini, na majibu yako manne. Baada ya hapo zinakuja, nazo kwa majibu manne manne, nafasi za kujaza, kisha sentensi za kugeuza ziwe kauli ya kutendwa, kisha kauli halisi igeuzwe kuwa kauli taarifa, kisha masharti ya aina ya tatu, yale ya kujutia jambo ambalo limeshapita. Mwisho kuna insha ya maneno 120: "Likizo yangu." Vijana wengi hapa likizo wanaijua kwa kuwahudumia waliokuja kuila, lakini wameandika.

Usahihishaji ndio umenivua kofia. Insha inawekwa kando, kadibodi inatobolewa matundu penye majibu sahihi, inalazwa juu ya karatasi ya kijana, vema zinazochungulia zinahesabiwa. Chupa moja ya chai haijaisha, darasa zima limeshajulikana nani anajua Kiingereza na nani hajui. Uzuri wa mfumo huu ni kwamba msahihishaji mwenyewe hahitaji kukijua. Anatakiwa ajue kuhesabu matundu.

Walimu nao umewasaidia sana. Zamani mwalimu wa Kiingereza alipata taabu ya kuwafanya watu wazungumze: huyu ana aibu, yule anacheka, wa nyuma amegeukia Kiswahili. Siku hizi mwanafunzi akiomba wafanye mazungumzo, wenzake wanamuuliza swali moja tu: "Hiyo itatoka?" Haitatoka. Basi linarudi rundo la pasipepa, na kozi inaendelea kwa amani. Darasa linafundisha kile karatasi inachouliza, na karatasi haijawahi kumuuliza mtu aseme chochote.

Tatizo linaanza cheti kinapotoka nje ya mji wako wa kimya.

Binti amefaulu vizuri, cheti kinang'aa, amekiweka ndani ya bahasha ya plastiki. Anakwenda kwenye usaili wa kazi ya mgahawani katika loji. Meneja anakisoma, anakiweka mezani, anamwambia: "Mgeni wa chumba namba 6 ana mzio wa karanga, na mchuzi wa leo una karanga. Mimi ndiye mgeni. Niambie." Binti anaijua kauli ya kutendwa ya kitenzi "kupika" katika nyakati zote, zikiwemo ambazo Waingereza wenyewe huzitumia kwa nadra. Anamtazama meneja usoni, halafu anaiangalia meza. Hakuna a, hakuna b, hakuna c wala d. Ananyamaza kwa adabu ileile aliyofundishwa kwenye chumba chako cha mtihani. Meneja anamshukuru na kumwambia atapigiwa simu.

Mjini baadaye utasikia watu wa loji wakisema vijana wa hapa hawajui Kiingereza, bora tuchukue wa kutoka nje. Wazazi watasema vijana ni wavivu. Vijana wataamini kuwa vichwa vyao ni vizito. Wewe peke yako hutatajwa, kwa sababu karatasi yako imeshasema walifaulu.

Usidhani naidharau sarufi. Imejaa tele ndani ya kreta. Pale Ngoitokitok, penye bwawa la viboko, wageni wanaruhusiwa kushuka garini wakala. Mwewe wa pale wanazijua lanchi boksi kuliko wapishi waliozifunga. Mwongoza watalii anapaswa kuwahi kusema: mkikaa nje na chakula, mwewe atakichukua. Hayo ni masharti ya aina ya kwanza. Akichelewa, paja la kuku limeshapaa, na inambidi aingie aina ya tatu: mngalikaa ndani, asingalilichukua. Tena aiseme kwa namna ambayo hatamkera mtu aliyelipia safari kwa akiba ya miaka. Anayeweza kuzisema sentensi hizo mbili kila moja kwa wakati wake ameonyesha umahiri kuliko aliyejaza nafasi kumi za bwana wa treni. Na mwewe hatoi dakika za nyongeza.

Au mchukue Faru Fausta. Alikufa Desemba 2019 akiwa na umri wa miaka 57, akiaminika kuwa faru mzee kuliko wote duniani. Mgeni anayesikia habari hiyo huuliza papo hapo: umri huo mmeujuaje, alikuwa na cheti cha kuzaliwa? Hapo kijana inabidi aeleze kwamba alionwa mara ya kwanza ndani ya kreta mwaka 1965 na mwanasayansi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, akiwa bado mdogo, na kwamba miaka ya mwisho alitunzwa ndani ya boma baada ya kushambuliwa na fisi. Hapo umeshapima wakati uliopita, ulinganisho, sababu na matokeo, pamoja na namna ya kujibu utani. Mgeni mwingine amesoma magazeti ya kwao kabla ya kupanda ndege. Atauliza habari za Wamaasai wa Ngorongoro waliohamishiwa Msomera, Handeni, tangu mwaka 2022: wanahama kwa hiari au wanahamishwa? Swali hilo linataka mtu achague maneno, aeleze upande huu na ule, aseme anachokijua na asiseme asichokijua. Nakuhakikishia, Mheshimiwa, kadibodi ya kulitobolea tundu haijatengenezwa.

Historia ya kazi yako unaijua kuliko mimi, lakini nikumbushe kidogo. Mwaka 1913 Chuo Kikuu cha Cambridge kiliendesha kwa mara ya kwanza mtihani wake wa umahiri wa Kiingereza kwa wageni wa lugha hiyo. Ulichukua kama saa 12. Kulikuwa na tafsiri, insha, fasihi, sarufi na fonetiki. Watahiniwa walikuwa watatu, na wote watatu walianguka. Ni rekodi ambayo bila shaka unaionea wivu. Lakini hata wale wakatili wa 1913 walitenga nusu saa ya imla na nusu saa nyingine ya kusoma kwa sauti na kuzungumza. Waliwaangusha watu baada ya kuwasikiliza. Zaidi ya karne imepita, na sisi tumeendelea hadi kufuta kusikiliza.

Ngazi unayoipima nayo ina maelezo yake. Mwaka 2001 Baraza la Ulaya lilitoa mfumo wa ngazi sita, A1 hadi C2, na ya kati kwa kawaida huanzia B1. Kwa ufupi, mtu wa B1 anatakiwa amudu mambo mengi yanayoweza kumkuta msafiri mahali lugha hiyo inaposemwa, asimulie yaliyomtokea, atoe maoni na sababu zake. Tazama maelezo hayo yalivyomkusudia msafiri. Kijana wa Karatu hasafiri. Anayesafiri ni mgeni. Kijana ndiye anayempokea, anayembebea begi, anayemwambia maji ya moto yatakuja na umeme utarudi. Kwa hiyo hata tungeufuata mfumo wa Ulaya neno kwa neno, ingebidi tuugeuze ili umwangalie mwenyeji. Wewe hukuugeuza, na wala hukuufuata. Umechukua jina la ngazi, ukaiacha kazi yake huko huko.

Sikulaumu peke yako, maana umekulia katika nyumba yenye desturi hiyo. Kijana anapofika kwako amekisoma Kiingereza tangu shule ya msingi. Alipoingia kidato cha kwanza, karibu masomo yote yaligeuka Kiingereza kwa siku moja, akakariri usanisinuru kwa lugha ambayo hawezi kuombea maji ya kunywa. Mwaka 1982 tume ya elimu iliyoongozwa na Jackson Makweta ilipendekeza sekondari zianze kufundisha kwa Kiswahili kuanzia 1985. Mwaka 1984 Waingereza wawili, Criper na Dodd, walipima Kiingereza cha wanafunzi wetu wakakuta wengi hawana cha kutosha kufuatia masomo yao. Wao wakashauri Kiingereza kiongezewe nguvu. Mwaka 1985 ulifika, ukapita. Na kwa miaka yote hiyo mtihani wa Kiingereza wa kidato cha nne umekuwa karatasi ya kuandika. Mtoto wa Kitanzania anaweza kumaliza sekondari iliyoendeshwa kwa Kiingereza pasipo mtihani wowote wa taifa kumsikia akisema sentensi moja ya lugha hiyo. Mwalimu Nyerere aliwahi kukiita Kiingereza Kiswahili cha dunia. Kama ni hivyo, tungetegemea tukipime kama bibi wa viazi alivyopimwa Kiswahili, kwa kuzungumza na mtu mwenye haja.

Najua utetezi wako. Utasema mtihani wa mdomo ni mlango wa upendeleo: mtahini atampitisha mtoto wa shangazi yake, atamwangusha aliyemkatalia posa, na Mchaga atacheka lafudhi ya Mmbulu. Hofu hiyo ina ukweli, na hapa naweka kejeli pembeni. Lakini dawa yake ipo na ni ya siku nyingi. Katika mtihani wa Cambridge wa ngazi ya B1 watahiniwa huingia wawili wawili mbele ya watahini wawili. Mmoja anazungumza nao, mwingine ananyamaza na kutoa alama. Simu ya kawaida inatosha kurekodi, ili anayelalamika asikilizwe na mtu wa tatu. Vigezo vibandikwe mlangoni mapema: ameeleweka? Ameelewa alichoulizwa? Akikwama anajinasuaje? Lafudhi ya London isiwe kigezo. Mgeni aliyekaa kiti cha nyuma anatoka Munich, Shanghai au Milan, na Kiingereza mara nyingi na yeye amekiazima.

Utasema pia muda hautoshi. Watu wawili kwa dakika 12, darasa la watu 30 linakwisha kwa saa tatu. Kozi imeendeshwa kwa miezi. Ikikosa saa tatu za kumsikiliza aliyelipa ada, basi tatizo si saa.

Ninachoomba ni hiki. Kifungu cha ufahamu kiwe maandishi ambayo kijana atakutana nayo kweli: taarifa ya geti kuhusu muda wa kutoka kreta, au barua pepe ya mgeni anayelalamikia chumba. Usikilizaji uwepo, na sauti ziwe za Mjerumani, Mchina, Mhindi na Mmarekani wa kusini, pamoja na mkwaruzo wa redio kolu kati ya magari mawili yanayoulizana simba wako wapi. Uandishi uwe taarifa ya ajali ndogo: gari limepasua tairi, mgeni mmoja amejigonga, nini kimefanyika. Kuzungumza kuchukue sehemu kubwa ya alama, na mada zitoke hapa: kahawa ya mashambani Karatu, vitunguu vya Mang'ola, faru, mwewe, karanga. Vibainishi na masharti ya aina ya tatu vibaki, ila vikutwe kazini.

Kama haya yote ni mazito, basi tuwe na msimamo mmoja. Leseni za madereva wanaoteremka kreta kwa barabara ya Seneto nazo zitolewe kwa karatasi. Dereva ajaze nafasi: "Kwenye kona kali nita______ breki." Majibu manne, moja sahihi. Akipata zote, akabidhiwe Land Cruiser na wageni sita. Wewe Mheshimiwa ukae kiti cha mbele.

Na kama hata hilo haliwezekani, lipo ombi la mwisho lisilogharimu shilingi. Usibadili karatasi, badili cheti. Pale palipoandikwa kwamba mwenye cheti hiki amefikia Kiingereza cha ngazi ya kati, andika yaliyotokea kweli: "Mwenye cheti hiki ameonyesha uwezo wa kutambua jibu sahihi kati ya manne. Kama anaweza kuzungumza hatufahamu, hatukumuuliza." Kwa wino huohuo na muhuri uleule. Meneja atajua pa kuanzia, mzazi atajua alicholipia, na kijana atajua kuwa kilichokosekana hakikuwa kichwa chake.

Naomba kuwasilisha.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Mkazi wa Karatu.

Nakala:
Mameneja wa loji, Karatu na Ngorongoro: kwa taarifa.
Walimu wa kozi: kwa utekelezaji, pindi itakapotoka kwenye mtihani.
Mgeni wa chumba namba 6: nakala yake atasomewa kwa mdomo, akipatikana wa kumsomea.